Uzi: Filamu ya dakika 13 ya mwaka 1928. Dada alirudi kutoka jenezani, na kaka alikuwa anamsikia siku zote

Mzee wa Chuda (mleta uzi)

Wakuu, habari za usiku.

Kuna filamu fupi nimeiangalia mara nne wiki hii. Haina neno hata moja linalotamkwa, lakini nikizima simu nabaki nasikia nyundo. Inaitwa The Fall of the House of Usher, ya Marekani, mwaka 1928, dakika 13 tu. Imetokana na hadithi ya mwandishi Mmarekani Edgar Allan Poe iliyotoka 1839. Mwanamke anafariki, anatiwa jenezani, siku zinapita, anatoka.

Najua humu kuna wapenzi wengi wa filamu za kutisha, na hizi za gothiki hasa: jumba bovu, ukoo unaokatika, ukungu, kaburi lisilotulia. Nataka tuizungumze hii taratibu kwa sababu naona watu wengi wanaogopa pasipo penyewe. Wanamwogopa yule anayerudi. Mimi ninayemwogopa ni yule aliyekuwa akimsikia.

Kisa kwanza, kwa wasiokijua, na hapa nafuata alivyoandika Poe.

Ukoo wa Usher umebaki na watu wawili, Roderick na dada yake pacha, Madeline. Roderick anaumwa ugonjwa wa hisi. Mwanga unamuumiza, harufu ya maua inamkera, chakula anakila kikiwa hakina ladha, na sauti zote zinamtesa isipokuwa za vyombo vya nyuzi. Likumbukeni hilo la masikio. Madeline anadhoofika siku hadi siku, na mara kwa mara anashikwa na katalepsi, yaani mwili unakakamaa, pumzi haionekani, mtu yuko kama maiti. Roderick anamwandikia rafiki yake wa utotoni aje amliwaze, na rafiki anakuja.

Jioni moja Roderick anasema Madeline amefariki. Hataki azikwe mara moja, anataka mwili ukae wiki mbili katika chumba cha chini kwa chini humohumo ndani ya nyumba. Sababu anazo. Makaburi ya ukoo yako mbali na hayana ulinzi, na matabibu waliomtibu dada yake wamekuwa wakiuliza maswali mengi mno. Zama zile maiti ziliibwa makaburini zikapasuliwe na wanafunzi wa udaktari, kwa hiyo hofu yake haikuwa ya kijinga.

Wanalibeba jeneza wawili tu, yeye na rafiki. Wanalifikisha mahali pake, wanasogeza kifuniko kidogo wamtazame kwa mara ya mwisho. Mashavuni na kifuani kuna wekundu hafifu. Midomoni kuna tabasamu ambalo halijaondoka. Wanafunga skrubu, wanafunga mlango wa chuma, wanapanda juu. Chumba hicho kiko chini kabisa ya chumba anacholala mgeni.

Kuanzia hapo Roderick anabadilika. Anakaa saa nzima akitazama hewa, kama mtu anayesikiliza. Usiku wa saba au wa nane kunakuja dhoruba, hakuna anayelala, na rafiki anachukua kitabu amsomee ili amtulize. Shujaa wa kitabuni akivunja mlango, huku chini mbao zinasikika zikipasuka. Joka la kitabuni likilia, kilio kinasikika. Ngao ikianguka, chuma kinalia. Ndipo Roderick anasema kwamba tangu siku nyingi amekuwa akimsikia. Alisikia alivyoanza kutikisika ndani ya jeneza, na hakuthubutu kusema.

Mlango unafunguka. Madeline amesimama, sanda ina damu, anamwangukia kaka yake, wanakufa wote wawili. Mgeni anatoka mbio, nyumba inapasuka kwenye ufa uliokuwapo tangu mwanzo, ziwa linaimeza.

Nashusha sehemu ya pili sasa hivi, msiondoke.

---

Mzee wa Chuda

Naendelea. Sasa tuje kwenye filamu yenyewe.

Iliyoitengeneza si kampuni ya Hollywood. Ni watu wawili wa Rochester, jimbo la New York, mji wa Kodak, kampuni ya kamera na filamu: James Sibley Watson na Melville Webber. Watson alikuwa daktari kwa masomo, na pia mmoja wa wenye jarida la The Dial, lile lililochapisha shairi la The Waste Land la T. S. Eliot mwaka 1922. Webber alikuwa mtu wa sanaa za uchoraji. Madeline amechezwa na Hildegarde Watson, mke wa Watson. Mwaka 2000 filamu hii iliingizwa katika orodha ya taifa ya filamu zinazohifadhiwa na Maktaba ya Bunge la Marekani. Kwa kazi ya watu waliofanya kwa mapenzi yao, bila studio, ni jambo kubwa.

Hawakusimulia kisa kama nilivyokisimulia hapo juu. Asiyekijua ataona mwanamume mwenye kofia ndefu anakuja, nyumba inayumba, mwanamke anatembea, ngazi, ngazi, ngazi tena, jeneza, nyundo. Hakuna maandishi ya kukuelezea nani kasema nini. Waliweka prizimu (kioo chenye pembe tatu kinachopinda mwanga) na vioo mbele ya lenzi, kwa hiyo ngazi moja inakuwa tatu zinazopitana, na uso wa mtu unajikunja kama unautazama kwenye maji. Kuta zimekaa mshazari. Mnaojua filamu za Ujerumani za miaka ya 1920 mtaona undugu mara moja.

Pale kwenye usiku wa kitabu, herufi zinapita zenyewe kwenye kioo. Hazielezi kitu, zinakuja zikiwa sauti: neno la kupiga, neno la kupasuka, neno la kupiga ukelele. Fikirieni, filamu isiyo na sauti, kisa ambacho kiini chake chote ni kusikia, nao wakaamua sauti tuione kwa macho. Sijaona mahali pengine jambo hili likafanyika vizuri namna hii. (Baadaye Alec Wilder aliitungia muziki. Mimi nashauri mara ya kwanza muiangalie bila huo muziki.)

Sasa jambo lililonifanya niandike uzi huu. Kwa Poe jeneza linafungwa kwa skrubu, na skrubu haina kelele, mtu anazungusha mkono tu. Watson na Webber wameweka nyundo. Inashuka, inapanda, inashuka, inapita juu ya picha nyingine, inarudi hata baada ya kazi ya kufunga kuisha. Kila nikiitazama naona nyundo ile inapiga upande mmoja, na kuna mtu upande wa pili anayeisikia kwa ndani. Baadaye mambo yanageuka, anayegonga ni wa ndani na anayesikia ni wa nje. Mlio ni uleule. Roderick alimgongea dada yake misumari, na dada yake naye akamgongea siku saba, na yeye akabaki kitini.

Karibuni.

---

Binti Muheza

Mzee wa Chuda shikamoo. Uzi mzito, nimeusoma mara mbili.

Mimi nilipofika kwenye "siku zinapita, anatoka" nilifikiri moja kwa moja msukule. Kwetu kijijini watu wakisikia marehemu kaonekana hawasemi alizikwa hai, wanasema alichukuliwa, na kilichozikwa ni mgomba. Je, hii si ileile ya kwetu ila imevaa koti la kizungu?

---

Mzee wa Chuda

Marahaba mwanangu. Swali zuri, na nimelifikiria sana, nakujibu kwa moyo wote.

Katika masimulizi ya msukule mwovu yuko nje ya nyumba. Kuna mchawi, kuna shamba analimisha watu usiku, kuna ulimi uliokatwa asiseme. Ndugu ni wadhulumiwa, walilia kwelikweli, walizika wasichokijua. Siku akionekana njiani, ndugu ndio wanaokimbia kumshika na kumrudisha nyumbani.

Kwa Usher hakuna mchawi. Aliyefunga kifuniko ni pacha wake. Aliyejua ni pacha wake. Na Madeline hakukatwa ulimi, aligonga na akalia, mwenye masikio makali kuliko watu wote akamsikia. Ndiyo maana kwangu mimi hii ni ngumu zaidi kuimeza. Kwenye msukule familia inatafuta namna ya kumrudisha mtu wake. Huku familia ndiyo mlango wa chuma.

---

Nesi wa Zamu

Nachangia upande wa kazi yangu, maana kuna watu watalala vibaya leo.

Kuthibitisha kifo si kumwangalia mtu na kusema amepoa. Anasikilizwa moyo na pumzi kwa dakika kadhaa, zinamulikwa mboni za macho kuona kama zinajibu mwanga, anaangaliwa kama anaitikia maumivu. Baadaye mwili wenyewe unatoa dalili zisizo na ubishi: kukakamaa kwa kifo, na damu kutuama upande alioulalia. Zama za Poe kifaa cha kusikilizia moyo kilikuwa kipya. Mfaransa Laennec alikibuni mwaka 1816, na hakikuwa mikononi mwa kila tabibu. Kwa hiyo watu waliogopa kuzikwa hai kwa sababu.

Ujerumani walijenga hata nyumba za kusubirishia maiti, mwili unakaa chini ya uangalizi mpaka uanze kuharibika ndipo ukazikwe. Na kulikuwa na majeneza yaliyobuniwa yakiwa na kamba ya kengele, mtu akizinduka avute.

Wekundu wa mashavuni ulioutaja, Mzee, umenikaa kooni. Mimi ningesimamisha shughuli yote palepale.

---

Mzee wa Chuda

Asante sana Nesi. Umeniongezea kitu. Poe mwenyewe aliandika hadithi nzima juu ya hofu hii mwaka 1844, ya mtu mwenye katalepsi anayeishi akiogopa kuzikwa kabla ya wakati.

Na tusisahau alikotoka. Mama yake alifariki mwaka 1811, yeye hajafika miaka mitatu. Mkewe Virginia akafa kwa kifua kikuu Januari 1847, ana miaka 24. Hadithi ya Usher ilitangulia msiba wa mke, kwa hiyo siwezi kusema ilitokana nao, lakini kijana aliyekua bila mama namwelewa akiandika tena na tena juu ya mwanamke aliyekwenda na asiyekubali kwenda.

---

Mhariri wa Kariakoo

Mkuu, mimi nahariri video za harusi na tamthilia. Hizo picha kupanda juu ya picha, leo ni kubonyeza tu. 1928 walifanyaje?

---

Mzee wa Chuda

Kaka, njia ya kawaida ya wakati ule ilikuwa hivi. Unapiga picha ya kwanza, mfano ngazi, kwa mwanga uliopunguzwa. Unairudisha filamu nyuma ndani ya kamera hukohuko gizani, unahesabu mizunguko. Unapiga ya pili juu yake, mfano jeneza kwenye kitambaa cheusi. Sehemu nyeusi haiachi alama, jeneza linaonekana linaelea juu ya ngazi. Ukikosea hesabu umeharibu zote mbili, na hutajua mpaka isafishwe.

Na prizimu inafanya kazi bila kurudisha chochote, inagawa mwanga wenyewe kabla haujaingia kwenye lenzi. Ukipata kipande cha kioo chenye pembe tatu kiweke mbele ya kamera ya simu yako uzungushe polepole, utaona nyumba yako mwenyewe ikijipasua.

Jambo jingine litakalokufurahisha: Watson baadaye alijishughulisha na kupiga filamu za eksirei, akawa mmoja wa waliosukuma mbele kazi hiyo huko Rochester. Mtu aliyetafuta namna ya kuonyesha kilicho ndani ya jeneza akaishia kuonyesha kilicho ndani ya kifua, moyo ukidunda.

---

Ustadhi wa Pangani

Assalaam alaykum.

Nimesoma kwa utulivu. Sisi tunazika mapema, na baada ya kufukia wengine hubaki mmoja akasoma talkini, anamsemesha maiti kwa jina, anamkumbusha majibu atakapoulizwa. Na imepokewa katika hadithi za Mtume kwamba maiti husikia mshindo wa viatu vya waliomzika wanapoondoka.

Nimeshangaa jinsi kisa hiki kilivyogeuza mambo. Sisi tumefundishwa kwamba wa chini ndiye anayesikia na sisi ndio tunaosema naye. Hapo wa chini anasema, na wa juu anasikia, anakaa kimya. Hajapewa hata salamu.

---

Mzee wa Chuda

Waalaykum salaam Ustadhi. Umenigusa, na sasa niseme jambo ambalo sijawahi kulisema popote.

Nilikuwa na miaka kumi na moja alipofariki baba mdogo. Alikata roho baada ya magharibi, ikaamuliwa azikwe asubuhi. Nyumba ilijaa, watoto tukalazwa chumba kilichopakana na alikolazwa yeye, ukuta mmoja katikati. Usiku mkubwa, wasomaji wamepumzika, nikasikia kugonga. Taratibu. Mara mbili, kimya, mara moja. Kimya kirefu. Mara mbili tena.

Nilijua vizuri sana nilichokuwa nafikiri. Nilifikiri ni yeye. Na sikuinuka. Mama alikuwa hatua tano kutoka nilipolala, ningeweza kumwita kwa kunong'ona. Nikavuta shuka hadi usoni, nikaziba sikio lililo upande wa ukuta.

Alfajiri nikaona dirisha la chumba kile. Bawaba ilikuwa imelegea na upepo wa bahari ulikuwa unalisukuma. Ukutani palikuwa na alama nyeupe, chokaa imekwanguka pale mbao ilipokuwa ikigonga. Niliigusa kwa kidole. Baba mdogo alikuwa amekufa, hakukuwa na shaka, akazikwa saa nne.

Lakini usiku ule mimi sikujua habari ya bawaba. Nilisikia, niliamini ni mtu wangu, nikanyamaza. Ndiyo maana nikimwona Roderick kwenye filamu hii, amekaa, macho yako mbali, siwezi kumcheka wala kumwita mwendawazimu.

---

Nesi wa Zamu

Mzee, ulikuwa mtoto.

---

Mzee wa Chuda

Nashukuru, dada yangu.

---

Mkongo wa Brussels

Bwana Mzee, mimi ni wa Lubumbashi, naishi Ubelgiji. Mwaka uleule wa 1928 Jean Epstein alitoa filamu ya kisa hikihiki Ufaransa. Ile ni ndefu, ina saa moja na zaidi kidogo. Madeline si dada, ni mke. Roderick anachora picha yake, na kadiri picha inavyopata uhai ndivyo mke anavyopungua. Luis Buñuel, aliyekuja kuwa mwongozaji mashuhuri, alifanya kazi humo kama msaidizi. Epstein alipunguza mwendo wa picha, shela ya jeneza inaburutwa nje na upepo polepole sana, mpaka unahisi wakati wenyewe umeumwa.

Lakini mwisho kule mke anarudi na anakuja kumwokoa. Wanatoka nje pamoja, nyumba inawaka nyuma yao. Mimi naupenda mwisho ule. Wewe unasemaje?

---

Mzee wa Chuda

Ndugu yangu, ile nimeiona na shela ile sitaisahau. Kwa uzuri wa picha huenda inawashinda Watson na Webber.

Ila mwisho ule siukubali, nakwambia ukweli. Mtu amelala ndani ya sanduku, amegonga, ametoka kwa kucha zake, halafu akitoka kazi yake ya kwanza iwe kumwokoa aliyemwacha humo? Epstein amempa Roderick msamaha bila kumuuliza alichofanya. Kwenye ile ya dakika 13 Madeline anamwangukia kaka yake na uzito wake wote. Sioni hasira usoni mwake. Naona mtu aliyechoka ambaye amefika.

Yupo pia Jan Švankmajer wa Chekoslovakia, 1980, filamu fupi isiyo na mwigizaji hata mmoja. Udongo, mawe, viti, jeneza linajiendea lenyewe. Hiyo tuiwekee siku yake, maana inataka uzi wake.

---

Mkongo wa Brussels

Hapo kwenye "msamaha bila kumuuliza" umenishika. Nitairudia.

---

Mhariri wa Kariakoo

Nimeipata mtandaoni, iko bure, nimeiangalia sasa hivi ofisini peke yangu. Kipande cha herufi nimekirudisha mara sita. Ile namna herufi zinaingia mshazari na kuyumba, hakuna fonti ya kisasa inayonipa hali hiyo. Kesho natafuta kioo cha pembe tatu.

---

Binti Muheza

Nimerudi. Jana usiku nimeiangalia na bibi yangu, simu nimeiegemeza kwenye jagi la maji. Hajui Kiingereza na hakuhitaji, nilimsimulia kisa kwanza kama ulivyokiandika. Alikaa kimya dakika zote 13. Mwisho nikamuuliza, bibi umeogopa? Akasema hapana. Akauliza: "Na yule rafiki mwenye kofia? Si walibeba wote wawili? Si aliona mashavu? Mbona yeye hakusema?"

Sikuwa na jibu. Nimekuja nalo kwako.

---

Mzee wa Chuda

Mpe bibi shikamoo yangu.

Nimekaa na swali lake tangu asubuhi. Nimefungua tena hadithi. Rafiki ndiye anayesimulia yote, na ni yeye anayetuambia habari ya wekundu na tabasamu. Anasema ugonjwa ule ndivyo ulivyo, huwaacha wafu na rangi usoni, basi, anaendelea na habari nyingine. Alikuwa ameshika upande wa pili wa jeneza. Mkono wake ulikuwepo kifuniko kilipofungwa. Halafu akapanda ngazi akaenda kulala katika chumba kilicho juu yake. Miaka yote niliyosoma kisa hiki nimemhesabu kuwa shahidi.

Na kuna jambo nililijua nikalipita nilipoandika sehemu ya pili. Katika filamu, mwenye kofia ndefu amechezwa na Melville Webber mwenyewe, mmoja wa wawili walioitengeneza.

Naenda kuiangalia tena usiku huu, safari hii nimtazame yeye.